Tamko: Kumbukumbu za Warsaw Zilifukiwa Ili Tuzisome, Nasi Tuandike Zetu

Sisi, wanachama wa chama cha watunza kumbukumbu, walimu wa historia na waandishi, katika kuadhimisha Siku ya Kimataifa ya Nyaraka, tarehe 9 Juni, tunatoa tamko hili kwa familia, shule, vikundi vya jamii na mamlaka zote zenye dhamana ya kumbukumbu za umma.

Mwaka huu tumeamua kumkumbuka mwanahistoria Emanuel Ringelblum na wenzake wa Warsaw, Poland. Mnamo Novemba 1940 watawala wa Kijerumani waliwafungia Wayahudi wa mji huo ndani ya ukuta; waliosongamana humo walizidi watu 400,000. Mwezi huohuo Ringelblum alikusanya kikundi cha siri kilichojiita Oyneg Shabes, yaani furaha ya Sabato, kwa kuwa walikuwa wakikutana Jumamosi. Kazi yao ilikuwa moja: kuandika yanayowapata, yakiwa yanawapata.

Hawakutafuta maneno ya wakubwa peke yake. Walihifadhi shajara, barua, insha za watoto wa shule, matangazo ya ukutani, kadi za mgao wa chakula, tiketi za tramu, hata karatasi za peremende. Walimhoji mkimbizi aliyefika mikono mitupu, wakamsikiliza aliyeponyoka kutoka kambi ya mauaji ya Chełmno, na habari zake wakazipenyeza hadi London. Walijua kwamba asiyeandika habari zake ataandikiwa na adui yake.

Mnamo Agosti 1942, watu wakiwa wanasombwa kwa treni kupelekwa kambi ya mauaji ya Treblinka, mwalimu Israel Lichtensztajn alifukia visanduku kumi vya bati chini ya shule katika Mtaa wa Nowolipki, namba 68. Alisaidiwa na vijana wawili, Dawid Graber na Nachum Grzywacz. Graber alikuwa na umri wa miaka 19. Februari 1943 sehemu ya pili ilifukiwa ndani ya mitungi miwili ya chuma ya kubebea maziwa. Lichtensztajn na vijana wale wawili hawakuiona siku ya kufukua. Ringelblum naye aliuawa Machi 1944, pamoja na mkewe na mwanawe.

Katika kikundi cha watu wapatao 60 walisalimika watatu: Rachel Auerbach, Hersz Wasser na mkewe Bluma. Wasser alijua mahali. Mtaa ulikuwa umegeuka lundo la vifusi, lakini tarehe 18 Septemba 1946 visanduku vilipatikana. Vilikuwa havikuzibwa sawasawa. Maji yaliingia na karatasi nyingi zikaharibika. Mitungi ya maziwa ilifukuliwa tarehe 1 Desemba 1950, na iliyokuwamo ilikuwa katika hali bora zaidi. Sehemu ya tatu, iliyofukiwa Aprili 1943, haijapatikana hadi leo. Jumla ni kurasa zipatazo 35,000, na mwaka 1999 UNESCO iliziingiza katika rejista yake ya Kumbukumbu ya Dunia.

Katika rejista hiyohiyo yamo majalada ya utawala wa Kijerumani yaliyo katika Nyaraka za Taifa za Tanzania, yaliyoingizwa mwaka 1997, na mkusanyo wa hati na vitabu vya Kiarabu vya Zanzibar, ulioingizwa mwaka 2003. Tunajivunia urithi huo. Hata hivyo, anayetafuta Vita vya Maji Maji vya 1905 hadi 1907 ndani ya majalada ya serikali hukutana kwanza na sauti ya mtawala. Sauti ya waliopigana na waliokufa njaa ilibaki vifuani mwa watu. Ilipofika 1968, wanafunzi wa Chuo Kikuu Kishiriki cha Dar es Salaam walikwenda vijijini kuwahoji wazee, na wakaiokoa sehemu ya sauti hiyo. Miaka 60 ilikuwa imepita. Wangapi walikuwa wamekwisha kuzikwa na habari zao?

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Kwa hiyo tunatamka kama ifuatavyo:

1. Kumbukumbu ya mtu wa kawaida ni nyaraka kamili. Risiti ya duka, daftari la kikundi cha kuweka na kukopa, kadi ya kliniki na barua ya mtoto aliye ugenini vina haki ya kutunzwa kama hotuba ya kiongozi.

2. Wakati wa kuandika ni sasa. Tunaziomba shule ziwape wanafunzi kazi ya kuwahoji babu na bibi zao, kwa ridhaa yao na kwa lugha wanayoizungumza nyumbani.

3. Kuficha si kutunza. Maji yaliyoingia kwenye visanduku vya Nowolipki yanaingia pia kwenye stoo za ofisi zetu. Tunazitaka mamlaka zitenge vyumba vikavu, masanduku yanayofaa na watunza kumbukumbu waliosomea kazi hiyo.

4. Nakala moja haitoshi, na mjuzi mmoja hatoshi. Kila kumbukumbu muhimu iwe na nakala mahali pengine, na watu zaidi ya mmoja wajue ilipo. Hazina ya Warsaw nusura ipotee kwa sababu hiyo tu.

5. Atakayefungua ana haki ya kuelewa. Kila picha na kila sauti iandikwe jina, mahali na mwaka kabla ya kuwekwa kabatini.

Nasi hatuwatwishi wengine mzigo tusioubeba. Kabla ya tarehe 9 Juni ijayo, kila mwanachama atarekodi simulizi ya mzee mmoja. Nakala ya kwanza itabaki kwa familia yake, na ya pili itawekwa maktaba kwa ruhusa yake.

Dawid Graber hakuwajua watakaofukua. Alichimba, akafukia, akatuamini. Kwetu wazee wangali hai, wamekaa barazani, wanatungoja tuulize. Hatuna haja ya jembe, wala hatuna udhuru.

Limetolewa na Kamati Tendaji kwa niaba ya wanachama wote.