Nani Alisema Wayuda Si Taifa?

Kila mwaka Kwarezima inapoelekea mwisho tunasikia maneno yale yale mlangoni pa kanisa: "Wayuda walimwua Bwana Yezu, ndiyo maana Mungu alivunja taifa lao, akawatawanya duniani kama makapi. Tangu siku ile si taifa tena." Anayesema hivyo mara nyingi hasemi kwa ubaya. Alifundishwa hivyo. Na sisi makatekista tusijifiche: wengi wetu tumewafundisha wakatekumeni maneno hayo, tukidhani tunaitetea imani. Leo tunataka kusema wazi kwamba ni uongo mara mbili: uongo katika historia, na uongo katika mafundisho ya Eklezia.

Tuanze na historia. Fungueni Matendo ya Mitume, sura ya 2. Ni siku ya Pentekoste. Bwana wetu alisulubiwa majuma saba tu yaliyopita. Mbele ya Petro wamesimama Wayuda wa wapi? Wa Partia na Media, wa Mesopotamia, wa Misri na Libia, wa Roma, hata wa Arabia. Tujibuni basi: hawa nani aliwatawanya? Tito na askari wake bado hawajafika. Hekalu watalichoma mwaka wa 70, miaka arobaini hivi baadaye. Wayuda walikuwa wametawanyika tangu zamani. Nebukadneza alichukua mateka wengi kwenda Babiloni mwaka wa 587 kabla ya Kristu. Koreshi alipotoa ruhusa ya kurudi, mwaka wa 538, wengi walibaki huko, maana walikwisha kujenga nyumba na kuoza binti zao. Wengine walikaa Aleksandria ya Misri wakisema Kigriki, na huko Maandiko yao yaligeuzwa kwa Kigriki, yale yale waliyoyatumia mara nyingi waandishi wa Agano Jipya. Tena, mtawanyiko ule ndio uliompa Paulo njia: karibu kila mji alioingia alikuta sinagoga ya kuanzia mahubiri. Mtu anayeita laana kitu ambacho Mungu alikitumia kueneza Injili, auangalie ulimi wake.

Lakini mpinzani wetu hachoki. Anasema: "Haya, walitawanyika mbele ya Kristu. Lakini baada ya mwaka wa 70 taifa lilikufa, kwa sababu taifa ni nchi, na mfalme, na askari." Hapa tukae kidogo.

Ni kweli kwamba walipigwa sana. Mwaka wa 132 waliasi tena chini ya Bar Kokhba. Mwaka wa 135 Kaisari Hadriano akawashinda, akawakataza kuingia Yeruzalemu, na jina la mji akaligeuza kuwa Aelia Capitolina. Hakuna mfalme tena, hakuna askari, hakuna kuhani wa kutoa sadaka. Mataifa mengine yaliyopigwa na Waroma yamepotea, hata lugha zao hazijulikani. Wayuda walifanya nini? Walifungua shule. Mwalimu Yohanan ben Zakkai alikusanya wanafunzi katika mji mdogo wa Yavne. Baadaye, karibu na mwaka wa 200, mkuu wao Yuda akapanga kwa utaratibu sheria zilizokuwa zikishikwa kichwani: namna ya kupanda na kuvuna, ndoa na talaka, mshahara wa kibarua, ng'ombe aliyempiga mtu kwa pembe. Kazi hiyo huitwa Mishna. Na tazameni ajabu: sehemu nzima ya Mishna inasema juu ya sadaka za Hekalu, nalo lilikuwa majivu tangu zaidi ya miaka mia moja. Wafu hawaandiki sheria za nyumba iliyoungua! Huko Babiloni walimu wengine walizidi kuijadili Mishna, kizazi baada ya kizazi, hata ikatoka Talmudi.

Sheria hiyo waliibeba kokote walikokwenda. Jumuiya yao, ikipata watu wa kutosha, ilikuwa na waamuzi wake, mwalimu wa watoto, mfuko wa maskini, chama cha kuzika, na fedha za kukomboa mateka. Angalieni Polonia. Tangu mwaka wa 1580 hivi mpaka 1764 kulikuwa na baraza kubwa lililoitwa Baraza la Nchi Nne. Wajumbe walikutana wakati wa masoko makubwa ya Lublin na Jarosław. Waligawanya kodi ya mfalme kati ya jumuiya zao na kukata mashauri yaliyowashinda wadogo. Mpaka hawakuwa nao, wala jeshi. Walikuwa na baraza, kodi, sheria na waamuzi. Kama hilo si taifa, mtuambie taifa ni kitu gani.

Wala hatutaficha waliyotendewa na wakristu. Mtaguso wa Laterani wa mwaka 1215 uliwaamuru wavae nguo za kuwatambulisha. Mwaka wa 1492 wafalme wakatoliki wa Hispania waliwafukuza. Mwaka wa 1555 Papa Paulo IV aliwafungia katika mtaa mmoja wa Roma. Haya yameandikwa, tuyasome bila kugeuza uso.

Kisha yakaja mabadiliko ya namna nyingine, na haya yalikuja na tabasamu. Mwaka wa 1791 Ufaransa iliwapa Wayuda wote wa nchi ile haki za raia. Ni jambo jema, tunalisifu. Lakini lilikuwa na bei yake: mtu mmoja mmoja apewe yote, taifa lao lisipewe kitu. Mwaka wa 1806 Napoleon aliwauliza wakubwa wao maswali kumi na mawili, pamoja na hili: je, mnawahesabu Wafaransa kuwa ndugu zenu? Wakajibu ndiyo. Bei wakalipa. Je, mali waliyonunua waliipata? Mwaka wa 1894 kapitani Dreyfus, ofisa wa jeshi la Ufaransa, alihukumiwa kwa uhaini ambao hakuutenda, na hakusafishwa kabisa mpaka 1906. Magazeti mengine ya kikatoliki, kwa aibu yetu, yalipiga kelele pamoja na wenye kuwatukana Wayuda.

Wakati ule Theodor Herzl, Myuda wa Austria-Hungaria, alikuwa mwandishi wa gazeti huko Paris. Mwaka wa 1896 alitoa kitabu kudai nchi ya Wayuda, na mwaka wa 1897 akakusanya mkutano Basel. Mwaka huo huo wa 1897, mjini Vilna, Wayuda wafanyakazi waliunda chama cha Bund: wao walitaka kubaki pale walipo na kudai haki zao. Na marabi wengi waliwapinga wote wawili. Mpinzani wetu atacheka, "Mnaona, hawapatani!" Sisi tunajibu: watu wasio taifa hawagombani juu ya kesho ya taifa lao.

Hitler hakujali ugomvi huo. Aliua Wayuda karibu milioni sita, na nusu yao walikuwa wa Polonia ile ya Baraza la Nchi Nne. Mwaka wa 1948 dola la Israeli lilitangazwa, na katika vita vile Waarabu wa Palestina karibu 700.000 walipoteza makao yao. Tunalisema hili, maana kuwa taifa hakumpi mtu ruhusa ya kusahau jirani yake, na Wapalestina ni taifa vilevile.

Uongo wa pili hautatuchosha sana. Katekisimu ya Mtaguso wa Trento, ya mwaka 1566, yafundisha kwamba dhambi zetu wakristu ndizo zilizomsulubisha Bwana. Mtume Paulo, katika sura ya 11 ya barua kwa Waroma, akana kabisa kwamba Mungu amewatupa watu wake. Tarehe 28 Oktoba 1965 Mtaguso wa pili wa Vatikano ulikataza kuwahesabia Wayuda wote kifo cha Kristu, na kuwaonyesha kama watu waliolaaniwa. Je, katekista ana mamlaka kuliko Mtaguso?

Wala msidhani mambo haya ni ya mbali. Katika Lubumbashi iko sinagoga iliyojengwa zamani za Wabelgiji. Wengi wa waliosali humo walitoka kisiwa cha Rhodes. Wazee wao walikuwa wa mabaki ya wale waliofukuzwa Hispania, na baada ya miaka mia nne na zaidi walisema bado Kihispania cha kale nyumbani mwao, hata Katanga. Mwezi wa Julai 1944 Wajerumani waliwapakia Wayuda wa Rhodes katika mashua, zaidi ya 1.600, wakapelekwa Auschwitz. Waliorudi hawakufika 200. Waliokufa walikuwa mama na ndugu za watu waliokaa Katanga.

Mwaka huu, kabla ya Mateso ya Bwana, tutawasomea wakatekumeni wetu Matendo sura ya 2, kisha Waroma sura ya 11. Mwenye kubisha aje Alhamisi jioni katika nyumba ya parokia, alete na Biblia yake.