Kitufe Kisicho na Kazi



Wapendwa Taifa la Mungu, katika majuma haya wazazi kadhaa wametufikishia swali moja kwa maneno tofauti. Watoto wao, hasa walio sekondari, wameingiza katika simu mchezo wa kunasa viumbe wa ajabu uitwao Pokémon, nao hukesha wakipeana mbinu za kumnasa kiumbe adimu kwa urahisi zaidi. Wazazi wameambiwa mtaani kwamba viumbe hao ni mapepo, na kwamba mtoto akimnasa mmoja ndani ya simu amelifungulia pepo mlango wa nyumba. Basi wanauliza: tuzichome simu?

Jibu letu ni hapana. Mtoto anayepuuza masomo na sala kwa ajili ya mchezo wowote anyang'anywe simu, na hapo hatuhitaji kumsingizia shetani. Lakini kuhusu mapepo, tunasema kwa uwazi kwamba hofu hiyo imeelekezwa pasipostahili. Wakati sisi tunalinda dirisha, mwizi ameingia kwa mlango mkubwa, naye tunampikia chai.

Mchezo wenyewe

Mchezo huu ulitoka Japani mwaka 1996. Aliyeubuni, Satoshi Tajiri, alikuwa tangu utotoni mpenzi wa kukusanya wadudu, nao mchezo wake ni huo huo wa mtoto anayekimbiza panzi na vipepeo, ila umehamishiwa kwenye kioo. Mchezaji hukutana na kiumbe porini, hupambana naye, kisha humrushia mpira wa kunasia. Mpira hutikisika mara kadhaa. Ama kiumbe hubaki ndani, ama huuvunja na kutoka.

Kubaki au kutoka kwake huamuliwa na hesabu. Tuchukue toleo la FireRed la mwaka 2004. Kila kiumbe amepewa namba yake ya kunasika. Kijidudu cha njiani kina namba 255, bali kiumbe mkuu aitwaye Mewtwo ana namba 3 tu. Ukimrushia Mewtwo mpira wa kawaida akiwa na nguvu zake zote, utamnasa kwa wastani mara 1 katika 255. Ukimpunguza nguvu hadi zikaribie kwisha, uwezekano huongezeka karibu mara tatu. Ukimlaza usingizi, huongezeka mara mbili tena. Ukitumia mpira wa daraja la juu, mara mbili nyingine. Tatu mara mbili mara mbili ni kumi na mbili. Aliyekuwa ana nafasi 1 katika 255 sasa ana takribani 1 katika 21.

Tunawauliza wanaopiga kelele: pepo yuko wapi hapo? Hapo pana subira, maandalizi na hesabu ya kuzidisha. Laiti vijana wetu wote wangejua kuzidisha hivyo! Mwaka 2000 televisheni ya Kikatoliki ya Italia, Sat2000, ilikwisha kuutetea mchezo huu. Mwaka 2018, kuelekea Siku ya Vijana Duniani iliyofanyika Panama Januari 2019, taasisi ya Kikatoliki ilitoa mchezo wa simu wa mfano huo huo, Follow JC Go, ambamo kijana hukutana na watakatifu na watu wa Biblia, hujibu maswali juu yao, na kuwakusanya katika kikosi chake. Naye Adamu, kama tusomavyo katika Mwanzo sura ya 2, aliletewa wanyama wote awape majina. Kukusanya viumbe na kuwaita kwa majina ni furaha ya zamani kuliko dhambi.

Kitufe

Hata hivyo, lipo jambo moja katika mchezo huu ambalo wazazi hawakutuuliza, nalo ndilo linalotusumbua.

Watoto wa Japani, wa Marekani, wa Uingereza, na sasa wa kwetu, wote wamezuliwa imani ileile. Mpira unapotikisika, wao hubonyeza kitufe kwa nguvu. Mmoja husema ubonyeze kila mtikisiko, mwingine husema ushikilie na usiachie, na wa tatu huapa kwamba ukibonyeza viwili kwa pamoja kiumbe hatoki kamwe. Katika michezo ile, kitufe hicho hakikuwa na kazi yoyote. Mpira ukisharushwa, kubonyeza hakubadili kitu. Lakini mtoto alibonyeza, kiumbe akanaswa, naye akaamini. Siku nyingine alibonyeza, kiumbe akatoka, naye akasema, "Sikubonyeza vizuri."

Tazameni hila ya kitufe hicho, ndugu zetu. Kikifanikiwa, sifa ni ya kitufe. Kikishindwa, kosa ni la mbonyezaji. Kwa hiyo hakiwezi kushindwa hata siku moja. Kijana akishindwa mara ishirini hudhani kwamba mara ya ishirini na moja "ni zamu yake", na kumbe mpira haukumbuki yaliyopita. Watoto mia moja wakirusha mipira ishirini kila mmoja kwa nafasi ile ya 1 katika 21, zaidi ya theluthi yao watabaki mikono mitupu, na hakuna aliyewaonea.

Kwa mtoto aliye kitandani na simu, hayo ni mzaha. Lakini mtoto hukua, na kitufe hukua pamoja naye.

Wauza vitufe

Kijana huyo akifikisha miaka kumi na minane, hukutana na mkeka wa kubashiri mechi, mchezo wa kindege katika simu, na mashine za dubwi zinazomeza sarafu. Hapa hesabu imegeuzwa. Katika kumnasa kiumbe, kila hatua ya maandalizi ilizidisha nafasi yake. Katika mkeka, kila mechi anayoongeza huipunguza. Mechi kumi, hata kama kila moja ni nusu kwa nusu, humpa nafasi 1 katika 1,024. Yeye huona fedha nyingi zilizoandikwa chini ya mkeka, haoni kwamba zimekuwa nyingi kwa sababu karibu hatazipata. Mashine nazo zimepangwa na mwenye nazo ili mwisho wa mwezi abaki na faida, na hakuna namna ya kuigonga wala kuibembeleza itakayobadili mpango huo.

Ndipo anapokuja muuza kitufe. Anauza "mechi za uhakika" katika makundi ya simu. Anauza programu ya kutabiri kindege kitaanguka saa ngapi. Kijana anatoa fedha ya alizeti ya mama yake, au anauza kuku watatu stendi, ili anunue kitufe kisicho na kazi. Tunauliza swali ambalo hata mtoto mdogo angeuliza: mtu anayejua matokeo ya kesho, ya nini kukuuzia wewe kwa shilingi elfu tano?

Kanisa halikufundisha kwamba kila mchezo wa bahati ni dhambi. Katekisimu, namba 2413, yasema michezo hiyo yenyewe haipingani na haki, bali huwa haikubaliki pale inapomnyima mtu kilicho cha lazima kwake na kwa wale anaowajibika kwao. Pimeni wenyewe: ada ya mtoto si ya lazima? Mbegu ya msimu si ya lazima? Dawa ya bibi si ya lazima?

Kitufe kinapoua

Tusidhani hatari inakomea kwenye mfuko. Nchi yetu imeona kitufe hiki kikibonyezwa kwa damu. Tangu katikati ya miaka ya 2000, hasa katika mikoa ya Kanda ya Ziwa, ndugu zetu wenye ualbino wamewindwa, wamekatwa viungo na kuuawa, kwa sababu mvuvi aliambiwa kwamba nywele zao zikisukwa katika wavu samaki watajaa, na mchimbaji aliambiwa kwamba kiungo chao kitaivuta dhahabu. Januari 2015 Serikali ilitangaza marufuku dhidi ya waganga wapiga ramli. Hata hivyo, Mei 2024 mkoani Kagera mtoto ambaye hakuwa ametimiza hata miaka mitatu alinyakuliwa kwa mama yake, na mwili wake ukapatikana Juni.

Mvuvi yule alitaka nini? Alitaka kuongeza uwezekano wa kunasa. Wavu wenye matundu sahihi, kina sahihi na saa sahihi hakuvitaka, alitaka kitufe. Nasi wa Singida, tulio na wachimbaji wadogo, na historia ya dhahabu ya Sekenke tangu enzi za Wajerumani, tusijifanye kwamba maneno hayo hayajawahi kunong'onwa kwetu.

Na sisi je?

Wapo wanaosoma hapa wakitikisa kichwa kwa kuwahurumia "wapagani". Tunawaomba wasitikise upesi.

Februari 1, 2020, mjini Moshi, watu 20 walikufa katika msongamano wa kukanyaga mafuta ya upako. Walikuwa Wakristo waliotafuta nafuu ya maisha, nasi twawaombea pumziko la milele. Lakini aliyewafundisha kwamba baraka iko sakafuni, na kwamba wa kwanza kukanyaga ndiye wa kwanza kupokea, aliwafundisha kitufe.

Na katika parokia zetu, je, hakuna kalamu inayoletwa kubarikiwa na mwanafunzi ambaye daftari halijafunguliwa tangu Pasaka? Hakuna rozari iliyotundikwa kwenye kioo cha basi ambalo breki zake dereva anajua ni mbovu? Hakuna novena inayosambazwa kwa simu yenye onyo kwamba ukivunja mnyororo utapata mkosi? Wazee wa Israeli walilileta Sanduku la Agano vitani kana kwamba ni hirizi, nao wakapigwa, na Sanduku lenyewe likatekwa (1 Samweli 4). Mungu hakukubali kubonyezwa. Simoni mchawi alitaka kuinunua karama ya Roho kwa fedha, na Petro akamkemea yeye na fedha yake (Matendo 8).

Visakramenti ni sala ya Kanisa inayotuandaa kuipokea neema na kushirikiana nayo. Kalamu iliyobarikiwa ni ahadi ya mwanafunzi mbele ya Mungu kwamba atasoma. Rozari ndani ya basi ni ahadi ya dereva kwamba atakwenda mwendo wa mtu mwenye Mama.

Wengine watatupinga wakisema: "Padre, basi kwa nini tunasali? Si nasi tunaomba tupate?" Tunajibu kwamba sala ni mtoto kuzungumza na Baba aliye huru kusema ndiyo, hapana, au bado. Kitufe hakina uhuru huo, na kwa sababu hiyo mtu anayekitafuta kitufe hamtafuti Baba, anatafuta mtumwa. Mitume walipompata Mathia kwa kura (Matendo 1), kwanza walitafuta watu waliofaa, wakasali, ndipo wakapiga kura na kuyakubali yaliyotoka. Hakuna aliyeibonyeza kura.

Tufanye nini

Wazazi, keti na mtoto wako, mwambie akuonyeshe jinsi kiumbe anavyonaswa. Akikuambia "nimemlaza usingizi, nimechagua mpira", mpongeze, kisha muulize ni nini kinachofanana na hayo katika mtihani wa hesabu. Akikuambia "nimebonyeza kitufe", mwambie ajaribu mara ishirini akibonyeza na mara ishirini bila kubonyeza, aandike matokeo. Somo hilo likimwingia akiwa na miaka kumi na mitatu, muuza "mechi za uhakika" hatampata akiwa na ishirini.

Vijana, mnajua tayari namna ya kuongeza uwezekano. Alizeti huongezewa uwezekano kwa mbegu bora, nafasi kati ya mashina na palizi ya mapema. Kuku wa Singida, ambao nchi nzima inawatamani, huongezewa uwezekano kwa chanjo ya kideri. Mvua hatuiwezi, hiyo tunaiomba, kwa magoti, tukiwa tayari tumepanda.

Nanyi mnaouza vitufe, iwe kwa jina la bahati, la mizimu, au, Mungu apishe mbali, kwa jina la Yesu, tunawaambia bila kupepesa macho: fedha mnayoipokea ni ada ya mtoto wa mtu. Irudisheni.

Juma lijalo, ofisi ya parokia itakuwa wazi baada ya Misa zote kwa familia ambazo kubeti kumeingia nyumbani na amani ikatoka. Njooni bila aibu, mume na mke pamoja ikiwezekana.

Mwenyezi Mungu awabariki, Baba na Mwana na Roho Mtakatifu.

Wenu katika Kristo,
Paroko