Fidia ya Shamba ni Haki ya Nani?



Kila barabara inapotanuliwa au skuli mpya inapojengwa kisiwani kwetu sote twafurahi, kwani njia nzuri hufikisha karafuu kituoni upesi, na skuli ni ya watoto wetu. Lakini mara nyingi furaha hiyo hufuatwa na ugomvi. Wapimaji wakishakwenda zao, na mikarafuu ikishatiwa alama, huzuka watu wawili wanaodai fidia moja. Huyu asema, "Shamba ni langu." Yule asema, "Mikarafuu niliipanda mimi." Chama chetu kina wanachama wa pande zote mbili, na kwa hivyo haitupasi kunyamaza, wala kumpendelea mmoja.

Kwanza tukumbushane. Tangu mwaka 1964 ardhi ya Zanzibar imo mikononi mwa Serikali, na sheria ya ardhi ya mwaka 1992 haikuligeuza jambo hilo. Tulicho nacho sisi ni haki ya kuitumia. Katiba ya Zanzibar ya mwaka 1984 nayo yakataza mali ya mtu kuchukuliwa bila ya fidia ya haki. Tena iko desturi ya visiwa hivi ambayo wazee wote waijua: ardhi ni kitu mbali na mti ni kitu mbali. Mtu aweza kuwa na mikarafuu yake juu ya ardhi ya mwenziwe, akairithisha na akaiuza.

Kwa sababu ya desturi hiyo, zamani wenye mashamba wengi walimruhusu mkaazi kujenga kibanda na kulima muhogo baina ya mikarafuu, naye akapalilia shamba, lakini hawakumruhusu kupanda mti wa kudumu. Walijua kwamba aliyepanda mti ana neno. Mwaka 1957 na 1958, siasa ilipoingia mashambani, wakaazi wengi wa Unguja walifukuzwa, na uchungu wake ulikaa nyoyoni. Hatuyataji haya ili kufukua makaburi. Twayataja kwa kuwa ugomvi wa shamba haubaki shambani.

Siku hizi mambo yamegeuka. Waliopewa eka tatu tangu mwaka 1965 wengi wao wamezeeka au wamefariki, na watoto wao wamehamia mjini. Shamba huachiwa jirani kwa maneno tu: "Litazame, bwana, usiliache likawa msitu." Jirani akaona mikarafuu mikongwe imekufa, akapanda miche mipya. Mkarafuu hutaka miaka sita mpaka minane kabla ya kuzaa. Basi mtu aliyepalilia miaka sita bila ya kuchuma hata pishi moja, akaja kuona fedha zote zapokewa na mwenziwe kwa kuwa jina lake ndilo lililomo katika hati, hana budi kusema kuwa amedhulumiwa. Na mwenye hati naye, akisikia kwamba jirani amekwishachukua fidia kwa kuwa yeye ndiye aliyekutwa shambani na wapimaji, atasema hayo hayo.

Rai yetu ni hii: kila mtu alipwe kwa kile alichokipoteza. Haki ya ardhi ni ya mwenye hati, au warithi wake wote, si yule mmoja aliyewahi kufika ofisini. Mikarafuu iliyokuwamo tangu zamani ni ya mwenye shamba. Miti iliyopandwa na jirani kwa ruhusa ni ya jirani, hata kama miche ilitolewa bure, kwani jasho halikutolewa bure. Muhogo na ndizi ni za aliyelima. Nyumba ni ya aliyejenga. Na aliyekodi zao la msimu akalipa, kisha shamba likachukuliwa kabla ya kuchumwa, arejeshewe fedha zake kwanza.

Wako watakaosema kwamba tukifanya hivi, hakuna mwenye shamba atakayemwachia mtu kupanda tena, na mashamba yatakuwa msitu. Hofu hiyo twaifahamu. Lakini inayomtisha mwenye shamba ni kutojua mwenziwe atadai nini kesho, na dawa yake ni makubaliano yanayojulikana. Aliyeandikiana na mwenziwe kwamba "miti arubaini ni yako, ardhi ni yangu" hana la kuogopa.

Kwa hivyo twawaomba wanachama wasingojee tingatinga. Kabla ya msimu ujao, mwenye shamba na anayelitumia waingie shambani pamoja, wahesabu miti, mikongwe mbali na michanga mbali, waandike nani kapanda ipi na mwaka gani, kisha watie saini mbele ya sheha na mashahidi wawili. Kila mmoja abaki na nakala yake. Wapimaji nao, wakija, twawaomba wasitosheke na kuuliza shamba ni la nani, bali waulize pia miti ni ya nani, na waandike majina yote.

Kazi hiyo ni ya asubuhi moja tu, na kesi ya fidia huweza kula miaka na kuua udugu. Wazee wetu walisema: mali bila daftari hupotea bila habari.