Mawingu Yasiyoleta Mvua



Juma lililopita, katika darsa ya watoto tunayoisomesha hapa Liwatoni baina ya Maghribi na Isha, tulitamka neno ambalo leo twalirudia ili tulisahihishe. Tulikuwa tukiwataja wanavyuoni wa Kiislamu waliobobea katika elimu ya falaki, tukasema, na sauti yetu ina majivuno kidogo, kwamba Abdurrahman as-Sufi ndiye aliyegundua galaksi zaidi ya miaka elfu moja iliyopita. Watoto wakafurahi. Ndipo binti mmoja wa miaka kumi na mitatu akainua mkono, akauliza: "Maalim, yeye alijua kuwa ile ni galaksi?"

Tulinyamaza. Kisha tukamwambia kuwa tutamjibu siku nyingine, nayo ndiyo kauli ya kila mwalimu aliyekwama. Jibu lake ndilo hili, na tumeona tuliandike hapa kwa sababu neno letu la kwanza huenda limeshafika katika nyumba zenu kupitia kwa watoto.

La, hakujua. Wala hilo halimpunguzii daraja yake.

As-Sufi alizaliwa katika mji wa Rayy, Uajemi, mwaka 903, akafariki mwaka 986. Alimtumikia Adhud ad-Dawla, mtawala wa ukoo wa Buwayhi. Kazi yake kubwa ilikuwa kuipitia upya orodha ya nyota ya Batlimusi, nyota baada ya nyota, akiyalinganisha yaliyoandikwa na yale aliyoyaona kwa macho yake mwenyewe. Kitabu chake kilitoka mnamo mwaka 964. Kina makundi 48 ya nyota, na kila kundi limechorwa mara mbili: kama linavyoonekana mbinguni, na kama linavyoonekana juu ya tufe. Humo, mahali ambapo Waarabu walikuwa wakimpiga taswira Samaki Mkubwa, karibu na nyota za kundi ambalo Wazungu huliita Andromeda, alionyesha kijiwingu kilichofifia. Hiyo ndiyo kumbukumbu kongwe zaidi ijulikanayo ya kitu ambacho leo twakiita galaksi ya Andromeda.

Aliandika kwamba ni wingu, na hakuongeza. Hakudai kuwa anajua ni kitu gani, wala hakukiacha nje ya kitabu kwa kuwa hakukifahamu. Sisi watu wa mwambao twaijua adabu hii kutokana na mwezi mwandamo. Shahidi anapokuja kueleza habari ya mwezi, haulizwi anadhani nini. Huulizwa ameona nini, ameuona upande gani, na saa ngapi. Akiongeza lake, ushahidi wake wote huingia shaka.

Ili mfahamu kwa nini jambo hili lilikuwa gumu, yafaa tujue kuwa mbinguni mna vitu vya namna tatu ambavyo jicho tupu huweza kuviona kama ukungu tu. Kuna makundi ya nyota zilizozaliwa pamoja. Kuna nebula, nazo ni mawingu hasa ya hewa na vumbi. Tena kuna galaksi, ambazo kila moja ni mkusanyiko wa nyota kwa mabilioni. Historia ya ugunduzi wake ni historia ya watu waliojifunza polepole kupambanua kimoja na kingine.

Namna ya kwanza si ngeni kwetu. Wazee wetu waliijua Kilimia kabla ya darubini kufika popote duniani, na jina lake lenyewe latoka katika kulima, kwa kuwa kuzama na kuzuka kwake kuliwapa wakulima habari za majira ya mvua. Kilimia ndiyo Thurayya ya Waarabu, na Mujahid, miongoni mwa wafasiri wa mwanzo, alisema kuwa nyota iliyoapiwa katika Suratun Najm ni hiyo. Mwenye macho mazuri huhesabu nyota sita au saba. Galileo alipoielekezea darubini na kuchapisha habari zake mwaka 1610, alichora zaidi ya thelathini. Akaitazama pia ile Njia Nyeupe inayokata mbingu, akaona kuwa nayo ni nyota zisizo na idadi.

Baada yake watu walidhani kuwa kila wingu la mbinguni, likipata darubini yenye nguvu, litageuka nyota. Mfaransa Charles Messier, aliyekuwa akiwinda nyota zenye mkia, aliudhika na mawingu haya kwa kuwa yalimpotosha. Akayaandikia orodha ili asidanganyike tena, na kufikia mwaka 1781 ilikuwa na vitu 103. Wingu la as-Sufi ni la 31, na Kilimia ni ya 45. William Herschel na dada yake Caroline, waliokuwa Uingereza, walianza kuipekua mbingu mwaka 1783, na katika muda wa miaka ishirini wakafikisha vitu kiasi cha 2,500. Kisha mwaka 1864 William Huggins aliichambua nuru ya baadhi ya mawingu hayo kwa chombo cha kuitawanya rangi zake, akaona kuwa mengine si nyota hata kidogo, bali ni hewa inayong'aa. Lakini nuru ya wingu la Andromeda haikufanana na ya hewa. Swali likabaki: li karibu nasi, au li mbali kupita kiasi?

Hapa ndipo habari inapoteremka upande wetu wa kusini. Jirani mmoja, mzee aliyevua samaki tangu ujana wake, alitwambia siku moja barazani kuwa zamani, wakitoka nje ya mwamba usiku wa giza, waliona upande wa kusini vijiwingu viwili ambavyo upepo hauvisogezi. "Kaskazi ivume, kusi ivume, vipo pale pale," alisema, "wala havileti mvua." Hivyo ndivyo viitwavyo Mawingu ya Magellan, kwa jina la nahodha Mreno ambaye safari yake ya kuizunguka dunia ilianza mwaka 1519. Watu wa kusini walikuwa wakiviona tangu zamani. Wakazi wa Ulaya hawavioni kwao, kwani kule havipandi juu ya upeo wa macho.

Mwanamke mmoja wa Marekani, Henrietta Leavitt, mwenye maradhi ya kutosikia vyema, alifanya kazi katika chuo cha Harvard ya kuzipima nyota kwenye picha za vioo, na picha za Mawingu haya zilipigwa huko Peru. Mwaka 1912 alitangaza aliyoyaona katika nyota 25 za Wingu Dogo: ni nyota ambazo mwanga wake huzidi na kupungua kwa zamu, na kila yenye zamu ndefu zaidi ndiyo yenye nuru kubwa zaidi. Ukiijua zamu ya nyota, waijua nuru yake ya asili. Na ukiijua nuru yake ya asili, kufifia kwake hukwambia iko mbali kadiri gani, kama vile mvuvi anavyokisia umbali wa karabai ya mwenziwe baharini.

Mwaka 1923 Edwin Hubble, akiwa katika mlima Wilson huko California, aliipata nyota ya namna hiyo ndani ya wingu la Andromeda. Alipopiga hesabu kwa kipimo cha Leavitt, wingu likaonekana liko nje kabisa ya Njia Nyeupe yetu. Yeye alikisia umbali unaokaribia miaka ya nuru milioni moja. Vipimo vya leo vyasema ni kama milioni mbili na nusu. Hapo ndipo galaksi ilipojulikana kuwa ni galaksi, na wingu dogo la kusini ndilo lililotoa kipimo cha wingu dogo la kaskazini.

Basi, binti yetu, as-Sufi aliona akaandika alichokiona. Messier alikipa nambari, Huggins akaichambua nuru yake, Leavitt akatoa kipimo, Hubble akapima. Tuliposema kuwa as-Sufi aligundua galaksi, tulimvika vazi ambalo hakuliomba, na tukawadhulumu waliokuja baada yake. Tumeamrishwa tusifuate tusiyokuwa na elimu nayo, na amri hiyo haikumtoa mwalimu wa darsa anayetaka kuwafurahisha watoto. Tumekosa, na twakushukuru kwa kuuliza.

Limebaki jambo moja. Mombasa imekaa mahali ambapo mawingu yote hayo huonekana katika usiku mmoja, la kaskazini na yale mawili ya kusini. Bahati hii haiko Ulaya. Lakini hapa Liwatoni hatuyaoni, kwa taa za bandari ya Kilindini na za mji. Watoto wetu waweza kukua hadi wakaoa na kuolewa bila kuyaona hata mara moja.

Kwa hivyo twanuia, Mwenyezi Mungu akijaalia, kuwachukua wanafunzi na wazazi wao hadi pwani ya kusini, mbali na taa, mvua za vuli zikishapita, katika siku za mwisho wa mwezi kabla ya mwandamo. Mwishoni mwa Disemba, baada ya Isha, Kilimia itakuwa imepanda upande wa mashariki na kaskazini. Wingu la as-Sufi litakuwa kaskazini, kadiri ya nusu ya kwenda utosini. Tukigeukia kusini, chini juu ya bahari, yatakuwako yale mawili ya mzee wetu.

Kila mtoto atakuja na daftari. Ataandika alichokiona, na asichokiona asikiandike.

Wabillahi tawfiq.