Sitara na Mfuko wa Maskini



Mwezi uliopita kamati ya msikiti wetu hapa Chunya iliazimia kwamba kila binti wa madrasa avae abaya nyeusi. Tangazo niliandika mimi, katibu. Wiki mbili baadaye binti mmoja alitoweka darasani. Nilipomwendea mama yake, alinijibu kwa upole: “Ustadhi, kanga ninazo. Abaya siiwezi bei yake.”

Jibu hilo lilinikumbusha historia. Katika Zanzibar ya karne ya 19, watumwa walivaa merikani na kaniki, na kufunika kichwa kulikuwa alama ya waungwana. Utumwa ulipofutwa kisheria mwaka 1897, wanawake walioachwa huru walijifunga kanga, na baadaye wakavaa buibui, ili wahesabiwe miongoni mwa watu wenye heshima. Kanga tunayoiita vazi la bibi zetu ilikuwa ngeni siku hizo.

Mavazi hayakuacha kubadilika. Mwaka 1969 ulipoanza, Umoja wa Vijana wa TANU ulipiga vita sketi fupi, mawigi na suruali za kubana jijini Dar es Salaam. Katikati ya miaka ya 1980, biashara ilipolegezwa, mitumba ilijaa masokoni. Kisha zikaja abaya za Dubai, nasi tukazizoea hata tukadhani ndizo dini yenyewe. Ilhali bibi zetu walisali na kusoma Qur'an ndani ya jozi ya kanga, na hakuna aliyewaambia kuwa sitara yao ina upungufu.

Katika Suratul A'raf, aya ya 26, Mwenyezi Mungu anatukumbusha neema ya nguo zinazositiri tupu zetu na kutupamba, kisha anabainisha kuwa vazi la ucha Mungu ndilo bora zaidi. Tulichoamrishwa ni kusitirika kwa nguo pana isiyoonyesha mwili. Duka la kuinunua halikutajwa.

Nimemwomba mama yule radhi, na nimeiandikia kamati tuseme “vazi la sitara” badala ya “abaya”. Kikao bado. Hata hivyo, Jumamosi binti alirudi na kanga zake mbili, akaketi safu ya mbele.

Wazazi wenzangu, tuwafundishe mabinti zetu sitara, wala tusiifanye kuwa kipimo cha mfuko wa baba.

Wabillahi tawfiq.