Sheria ya Mto na Lugha ya Wenye Mto

Mto Ewaso Ng'iro Kaskazini hutiririka kutoka Mlima Kenya na safu za Nyandarua hadi nyanda kame za Isiolo. Wakulima wa juu wakiyaelekeza maji mashambani wakati wa kiangazi, mfugaji wa chini huambulia mchanga. Sheria ya Maji ya 2016, sehemu ya 29, imewapa wote chombo cha kusuluhisha mgogoro huo, yaani chama cha watumiaji wa maji. Hata hivyo, sheria yenyewe iliandikwa kwa Kiingereza, ilhali Kifungu cha 7 cha Katiba ya 2010 kinakitambua Kiswahili kuwa lugha ya taifa na lugha rasmi. Kwa maoni yangu, haki asiyoweza kuisoma mwenyewe ni kisima kilichofunikwa. Walimu wenzangu, kuitafsiri ni wajibu wa Serikali. Kuidai tafsiri hiyo ni wajibu wetu.