Rada Inaona Nukta, Haioni Mvuvi

Ndugu yangu wa Majengo pale Nyeri, na wewe wa Karatina na Nanyuki, utaniuliza rada ya baharini inakuhusu nini na hata dau hujawahi kupanda. Subiri kidogo.

Mwaka 2011 serikali ilipiga marufuku uvuvi wa usiku Lamu kwa sababu ya Al-Shabaab. Marufuku ikakaa miaka na miaka. Mvuvi wa jarife hutega jioni akavua alfajiri, maana gizani samaki haoni wavu. Ukimnyima usiku umemnyima kazi. Na sababu, ukiichambua, ilikuwa hii: gizani mvuvi na gaidi hawatofautiki, basi wote wakae nyumbani.

Ati rada si ingemaliza hayo? Si rahisi hivyo. Rada hutuma mawimbi ya redio, yakigonga kitu yanarudi. Meli ya chuma inang'aa kwenye skrini. Mashua ya mbao au faiba hurudisha kidogo mno, na bahari ikichafuka maji yenyewe yanarudisha zaidi yake. Ukichuja huo mchafuko sana, na mashua unaichuja. Tena dunia ni duara: antena iliyo mita 30 juu huona usawa wa maji kilomita kama 22 tu. Kile kifaa cha kujitambulisha, AIS, sheria ya kimataifa inakilazimisha kwa meli za kuanzia tani 300 zinazovuka mipaka. Mashua ya Kizingitini haimo humo.

Hata ikionekana, ni nukta. Haisemi ni nani.

Kwa hivyo mimi naiunga mkono rada, lakini ije pamoja na kiakisi cha bati juu ya mlingoti na kifaa kidogo cha kujitambulisha, mvuvi apewe bure, si auziwe. La sivyo kila mashua isiyo na kifaa itahesabiwa adui.

Muulize nyanya yako. Mwaka 1953 misitu ya Mlima Kenya na Nyandarua ilitangazwa eneo lililokatazwa, na mwenye kutafuta kuni akawa mshukiwa sawa na mwenye bunduki. Nyeri inaijua hiyo hesabu kuliko Lamu.

Na wewe unayesoma ramani na setilaiti pale Chuo Kikuu cha Dedan Kimathi, unatafuta mradi wa mwaka wa mwisho, si ndio? Kutofautisha mashua na wimbi kwenye data ya rada ni kazi ya kompyuta, haihitaji ufuo. Ukimaliza hesabu, uliza pia rekodi za safari za mvuvi zitakaa kwa nani, na kwa muda gani. Sheria ya kulinda data tunayo tangu 2019.